Mama Mkwe Niliyempeleka Busisi

Mimi nimekuwa watu wengi. Jukwaani hapa Mwanza nimekuwa hakimu, mlevi, nabii wa uongo, hata mzee wa kiume mwenye kikohozi. Kwenye filamu nimekuwa mtawa, na wiki hiyohiyo mwizi wa nyavu. Sijisifu bure, anayebisha aende soko la samaki akaulize. Lakini aliyenipa jina ni mama mkwe mmoja katili, anayemmwagia mkwewe uji wa moto mkononi huku akitabasamu. Filamu ile ilipotoka, mama ninayenunua dagaa kwake miaka yote aligoma kuniuzia. "Nenda kwa wachawi wenzako!" Jamani, nilicheka mpaka nikakaa chini. Kwangu ile ilikuwa tuzo.

Kicheko kiliniishia siku ya posa ya mwanangu.

Mwanangu huyo wa pekee alimpenda binti wa Busisi anayefanya kazi hapa mjini. Baba wa mwanangu alishafariki, kwa hiyo nilikwenda mwenyewe, pamoja na mwanangu na shemeji yangu aliyekuwa mshenga. Tulivuka daraja asubuhi, kitenge kipya mwilini, furaha tele moyoni. Tukakaribishwa sebuleni. Mshenga hajamaliza hata utangulizi, bibi yake binti, aliyemlea tangu mchanga, akaninyooshea kidole.

"Huyu namjua! Nimemwona kwenye simu akimchoma mkwewe. Mjukuu wangu haendi kwake."

Mwanangu akainamia sakafu, machozi yanamlengalenga. Katika nyumba ile, bibi akishasema hakuna wa kumpinga.

Mshenga akaona maji yamezidi unga. "Bibi, ule ni mchezo tu! Shemeji yangu huyu ni mpole kama kondoo. Shemeji, hebu waoneshe."

Mchezo tu! Damu ikanichemka. Nimeumia mgongo kwa mchezo huo, nimesomesha mtoto kwa mchezo huo. Nikasimama.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba," akajibu, shingo upande.

"Yule ni mimi, na ile ni kazi yangu, siikani. Naweza kukuigizia hapahapa mama mkwe mpole mpaka ulie. Lakini leo siigizi. Ukinipokea kwa maigizo, kesho utasema nimekutapeli, na utakuwa na haki. Muulize mjukuu wako. Amekula kwangu mara nyingi."

Bibi akamgeukia binti, aliyekaa pembeni yake. "Yukoje?"

"Ana kelele, bibi," binti akasema bila kupepesa macho. "Nikikataa kula ananifokea mpaka majirani wanasikia. Akimaliza kufoka ananiongezea samaki."

Watu wakaangua kicheko. Bibi hakucheka. Alipandisha mkono wa gauni lake taratibu, tukaona kovu kubwa la kuungua.

"Mama mkwe wangu mimi hakuwahi kufoka," akasema. "Alikuwa anatabasamu, vilevile ulivyotabasamu wewe. Nilipokuona kwenye simu nilidhani amerudi. Alikufa hajaniomba radhi." Akanitazama sana. "Kama kweli unaweza kumleta, mlete. Aniombe."

Mungu wangu! Nimetoka kusema siigizi. Lakini bibi hakuwa anadanganywa na mtu. Alijua vizuri anaomba nini, na anamwomba nani.

Nikavua kilemba. Nikauachia mgongo uzeeke, nikaikausha sauti, na yule mwanamke akaja, safari hii bila tabasamu. Nikapiga magoti. Nikaushika mkono ule wenye kovu, nikamwomba radhi kwa kumuunguza, kwa kumcheka akiwa na maumivu, kwa miaka yote aliyonyamaza. Nimeigiza mbele ya kumbi zilizojaa, lakini sijawahi kufika pale nilipofika siku ile kwenye mkeka wa Busisi. Najivunia hilo kuliko kazi zangu zote, na nalisema wazi, atakayeona ni majivuno na aone.

Bibi alilia kwa sauti. Kisha akajifuta uso kwa khanga.

"Nimekusamehe," akamwambia yule mwanamke. "Nenda."

Halafu akaniinua mimi, kwa mikono yake miwili, akapaza sauti kuelekea jikoni: "Nyie, leteni maji ya kunawa! Wakwe zetu wana njaa."