Aliyeingia wa Mwisho

Watu wa Tokamachi, mji wetu, watakwambia kwamba Kuwabara Isao hakuwahi kugonga geti la mtu. Kwa majira ya baridi thelathini na moja aliendesha tingatinga la theluji la manispaa, akitoka nyumbani saa nane za usiku ili barabara iwe wazi kabla watoto hawajaenda shule. Na theluji ya kwetu si ya kupigia picha, inafika madirisha ya juu. Hakugonga geti, hakuchelewa, na hakuuliza maswali. Hilo la mwisho yeye mwenyewe alilihesabu kuwa sifa. Mtu wa maswali, alikuwa akisema, ni mtu anayetafuta ugomvi ila hajui auanzie wapi.

Kwa hiyo mkewe Tsuyako alipoanza kwenda kila Alhamisi kwa mwalimu wa chai, anayefundisha taratibu za kale za kuiandaa na kuinywa, hakumwuliza kitu. Alhamisi hizo zilienda miaka ishirini na miwili. Tsuyako alitoka saa saba mchana na kifurushi chake cha kitambaa, akarudi saa kumi na moja, akateleka wali. Kuwabara alijua tu kwamba huko wanakunywa chai. Kwa kuwa hata nyumbani chai ilikuwepo, na nzuri, aliyaona ni mambo ya wanawake, akayaacha.

Tsuyako alifariki mwezi wa tatu. Siku ya arobaini na tisa, ya kumwombea marehemu, kasisi wa hekalu alipokwisha kuondoka, binti yao Chizuru alikuwa akiosha vikombe jikoni. Bila kugeuka, akasema, "Mama alikuwa anaenda kule kupumua, baba."

"Kupumua nini?"

"Kupumua tu. Humu ndani mlikaa kama abiria wawili wasiojuana."

Neno lile lilimkwama Kuwabara kama mwiba wa samaki, akawa analala nalo na kuamka nalo. Kumbe mtu anaweza kuishi na mkewe miaka arobaini na tano, akamsafishia theluji mlangoni kila asubuhi, kisha akaja kuambiwa kwamba alikuwa akimziba pumzi.

Mwezi wa kumi ikaja barua kwa jina la Tsuyako. Mwalimu wake, Bibi Orihara, alikuwa amehamia mji wa Kanazawa kwa mwanawe miaka michache nyuma, miguu ilipoanza kumsumbua, Alhamisi zikakoma, na kila mwezi wa kumi na moja, jiko la chai lililochimbwa sakafuni linapofunguliwa kwa ajili ya baridi, aliwaita wanafunzi wachache. Chizuru alimwambia baba yake aandike kadi ya kuomba radhi, basi. Kuwabara akaandika kwamba Tsuyako amefariki, na kama si usumbufu, mumewe atakuja badala yake. Akaitia sandukuni upesi kabla hajajuta.

Chizuru alipopata habari alishika kiuno. Akamwambia hajui hata bakuli la chai linashikwaje, atakwenda kufanya nini. Kuwabara akasema anakwenda kuangalia. Kuangalia nini, hilo hakumwambia. Alitaka kujua huko kuna hewa gani ambayo nyumbani kwake haikuwepo.

Alipanda treni tatu. Kanazawa ilikuwa na mvua, kama kawaida yake. Mfukoni alikuwa na soksi nyeupe mpya, maana hata yeye alijua kwamba kwenye mikeka ya chai huingii na soksi ulizosafiria. Zaidi ya hapo hakujua mbele wala nyuma.

Kwenye chumba cha kungojea aliwakuta wanawake wanne waliovaa kimono. Walimwinamia, akawainamia. Wakapewa maji ya moto wanywe, wakanywa, na Kuwabara akashangaa kwamba amevuka mikoa mitatu kuja kunywa maji. Kisha kengele ikalia huko ndani, kuwaita. Hakuna aliyeinuka.

"Tangulia, dada."

"Mimi? Nitangulie wewe ukiwepo?"

"Mwenzangu una cheti cha ualimu."

"Cheti cha zamani hicho, kimeota ukungu. Tangulia tu."

Waliendelea hivyo hadi maji yakapoa. Kuwabara aliwatazama mmoja baada ya mwingine asielewe kitu. Wote walitaka kuingia, na hapakuwa na hata mmoja aliyetaka kuingia. Kwenye barabara nyembamba yeye alikuwa na kanuni moja, uwapishe wote kisha upite. Akaamua ataingia wa mwisho, ataketi mlangoni kwenye baridi panapomstahili mtu asiyejua kitu, na atafanya atakachoona wenzake wanafanya. Mwenda pole hajikwai.

Hapo ndipo alipojikwaa. Wanawake walipoingia hatimaye, kila mmoja alikimbilia upande wa chini, wa heshima ndogo, karibu na mlango. Kuwabara alipoinama na kupita mlangoni, wanne wale walikuwa wamebanana pale mwisho kama ndege juu ya waya. Nafasi iliyobaki ilikuwa moja tu, kule juu, kando ya shubaka lenye maandishi na ua. Mahali pa mgeni wa kwanza. Hata dereva wa tingatinga anajua kwamba anayeketi pale ndiye mdomo wa wote.

"Wa mwisho ni mimi," alisema.

"Tumeshakaa, bwana," alisema mama mmoja mnene aliyeitwa Minowa, ambaye alikuwa karibu zaidi na ile nafasi. "Magoti yangu yakishakunjika hayakunjuki." Magoti hayo yalikuwa mazima nusu dakika iliyopita.

"Lakini mimi sijui chochote."

"Nani anayejua?" alisema Bi Minowa, mwenye miaka ishirini ya kujifunza chai. "Kaa, nitakunong'oneza."

Akakaa. Akakalia visigino, na visigino vikalalamika papo hapo. Mlango wa ndani ukateleza, akaingia Bibi Orihara, kizee cha miaka themanini na minane, mwembamba kama ufito. Kuwabara alitumaini kwamba mwenyeji atamwona, atashtuka na kumhamisha. Kizee kilimwinamia, kikamtazama kidogo zaidi ya inavyohitajika, kikasema, "Karibu, mgeni wa kwanza." Basi, yakaisha.

Yaliyofuata Kuwabara hakuweza kuyasimulia vizuri hata baadaye. Kililetwa kitafunio cha mchele na maharagwe, akakichukua kwa kiganja. Bi Minowa akamsogezea chinichini karatasi ya kukiwekea. Kisha akanong'ona, "Mwambie jirani yako unamtangulia."

"Jirani yangu nani?"

"Mimi."

"Nakutangulia."

"Haya, asante."

Likaja bakuli, na ndani yake povu la kijani. Akaambiwa aligeuze. Akaligeuza, akaendelea kuligeuza. "Mara mbili," alinong'ona Bi Minowa, "huingizi gari gerejini." Mwanamke wa mwisho kwenye safu aliziba mdomo kwa mkono wa kimono. Kuwabara akanywa. Chai ilikuwa chungu, kisha haikuwa chungu, na kabla hajaamua ni ipi kati ya hizo, ilikwisha.

Akaanza kuitafuta ile hewa. Alitazama kwa bidii, kama alivyokuwa akitazama barabara kwenye dhoruba ya theluji. Aliona kizee kikifuta kijiko ambacho tayari ni safi. Aliona kikifuta kikopo ambacho pia ni safi. Alisikia birika likichemka, na mvua. Wanawake wanne walikuwa kimya kabisa, nyuso zimelegea, wameridhika, na yeye hakuona wanaridhishwa na nini. Ni hiki? Kila Alhamisi, kwa hiki? Nyumbani pia palikuwa kimya, na birika lilichemka. Kama Tsuyako alikuwa akikimbia kimya akaja kuketi kwenye kimya, basi tatizo halikuwa kimya, lilikuwa ni yule aliyenyamaza naye. Alikuwa mzee wa miaka sabini na mmoja, amevaa soksi mpya, na alikuwa akilionea wivu birika.

Vyombo vikawekwa mbele yake avitazame: kikopo cha unga wa chai na kijiko cha mwanzi, chembamba, kirefu kama kiganja. Alikishika kwa woga. Kilikuwa na rangi ya kahawia iliyoiva, ila katikati palikuwa na mstari mweupe, mahali ambapo zamani mwanzi ulifungwa kamba na moshi haukuufikia. Alijua mwanzi wa namna hiyo. Dari za nyumba za kwao zote zilikuwa hivyo, miaka mia ya moshi wa jiko. Ya kwake aliibomoa mwenyewe walipoweka bati. Akakipitisha kwa Bi Minowa, kikaenda hadi mwisho, kikarudi, na Bibi Orihara akaketi kizingitini mwa mlango wa ndani kungoja.

"Sasa uliza," alinong'ona Bi Minowa.

"Niulize nini?"

"Habari za vyombo. Ndiyo kazi yako. Sisi haturuhusiwi kuuliza, ni mgeni wa kwanza tu."

Maisha yake yote Kuwabara alikuwa ameikwepa kazi hii, na sasa watu watano walikuwa wameketi wakimngoja aifanye. Usipouliza, shughuli haiendi. Bi Minowa alimtilia maneno mdomoni, naye akayatoa moja moja. Kikopo ni cha umbo gani? Bibi Orihara akajibu. Kimepakwa rangi na nani? Akajibu. Kuwabara hakusikia hata jibu moja.

"Kijiko," alinong'ona Bi Minowa.

"Na kijiko kimechongwa na nani?"

"Na mwanafunzi wangu," alisema Bibi Orihara. "Kuwabara Tsuyako."

Alidhani amesikia vibaya. Alikitazama kijiko, akaona tena ule mstari mweupe, na ndipo akakumbuka siku ya kubomoa dari, Tsuyako amesimama chini ya ngazi na kitambaa kichwani, akiomba kipande kimoja cha mwanzi. Yeye alikuwa juu, amejaa masizi. Alimtupia kipande na kuendelea kuvunja. Hakumwuliza ni cha kazi gani.

Safari hii Bi Minowa alichelewa kunong'ona. "Uliza jina lake. Kijiko huwa kinapewa jina."

"Jina lake nani?" aliuliza Kuwabara.

"Taa ya Njano," alisema Bibi Orihara.

Wanawake walitazamana. Vijiko vya chai huitwa Umande, huitwa Mwezi wa Vuli, huitwa Ukungu wa Asubuhi.

"Nilimkatalia mara tatu," aliendelea kizee. "Nilimwambia hiyo si lugha ya chai, hiyo ni lugha ya karakana. Akasema hana jina jingine. Akaniambia mumewe anatoka saa nane za usiku kusafisha theluji, na tingatinga lake lina taa ya njano juu, inazunguka. Kwamba yeye husimama dirishani jikoni, akaiangalia hadi ikate kona ya hekalu, ndipo arudi kulala. Nikamwuliza, kila usiku? Akasema, kila usiku inapoanguka. Basi nikalikubali."

Majira thelathini na moja Kuwabara alikuwa ametoka nyumbani kwa kunyata, buti mkononi, akizivaa nje kwenye baridi ili asimwamshe. Alikuwa na hakika kwamba hajawahi kumwamsha. Na mkewe, kila alfajiri aliporudi, alikuwa amelala ubavu, shuka hadi masikioni, kama mtu ambaye hakugeuka tangu jana.

Sasa mgeni wa kwanza anatakiwa kuinama na kushukuru kwa niaba ya wote, kisha mlango ufungwe. Hilo hata Kuwabara alikuwa amelibahatisha. Lakini hakuinama. Alikuwa anafikiria ile sakafu ya jikoni, ya mbao, isiyo na mkeka, na vidole vya miguu ya Tsuyako vilivyovimba kwa baridi kila mwaka, na yeye akimwambia kila mwaka kwamba ni uzee.

"Alikuwa anavaa soksi?" aliuliza.

Swali hilo halimo katika maswali ya chai. Bi Minowa hakumnong'oneza. Lilikuwa lake mwenyewe. Bibi Orihara aliketi kizingitini, mikono magotini, akalipokea kama alivyoyapokea yale mengine.

"Hilo sikuwahi kumwuliza," alisema.

"Hata mimi," alisema Kuwabara.