Fundi Saa na Migomba Iliyopungua

Mkunga alistaafu baada ya kuzalisha wanawake kwa miaka thelathini na minane. Hakuweza kupita sokoni bila kuamkiwa kwa heshima na jibaba lenye ndevu ambalo yeye ndiye aliyekuwa mtu wa kwanza kulipiga kofi la makalio. Nyumbani akakosa wa kumzalisha, akahamia kwenye migomba nyuma ya jiko. Watu wakamtania kwamba kutoka mkunga amekuwa mama wa mikungu.

Kazi yenyewe aliifanya kama yuko wodini. Kabla ya kuhama shina moja kwenda jingine alilitumbukiza panga kwenye ndoo ya dawa, ugonjwa usije ukahama naye. Majani makavu aliyakata na kuyatandaza chini. Kila shina aliliachia watatu tu: mama anayezaa, mtoto anayemfuata, na mjukuu anayechungulia kutoka ardhini. Machipukizi mengine aliyafukua mpaka kwenye kiini, kwa sababu ukikata juu juu, wiki ijayo linakuchekea tena.

Ng'ambo ya ua aliishi shemeji yake, mdogo wa marehemu mumewe, fundi saa. Huyu alikuwa na mashina sita ya migomba ambayo yalikuwa yamegeuka msitu. Kuku aliyeingia humo kutaga alirudi na vifaranga kabla hajatafutwa. Mikungu ilitoka, lakini ndizi zake zilikuwa nyembamba kama vidole vya mgonjwa. Kila Mkunga alipomshauri apunguze, fundi saa alimjibu kwamba mtoto hafukuzwi nyumbani kwa kosa la kuzaliwa. Mkunga alimwambia mchelea mwana kulia hulia yeye. Wakaendelea hivyo miaka nenda miaka rudi, kwa utani wa shemeji na shemeji, hakuna aliyeshinda.

Kisha fundi saa akaanza kurudisha saa za watu huku skrubu zake zimebaki mezani. Hospitali wakasema ni mtoto wa jicho, macho yote mawili, wataanza na la kulia. Siku ya kuondoka alimkabidhi Mkunga ufunguo wa nyumba na kumkanya asiguse migomba yake.

"Wewe unakwenda kutolewa mtoto," Mkunga alisema, "na hakuna anayekuombolezea."

Fundi saa alikaa kwa binti yake siku kumi. Siku ya pili Mkunga alikuwa amekwishauvuka ule ua na panga lake na ndoo yake. Alijiambia ataondoa majani makavu tu. Akaondoa majani. Akajiambia na lile chipukizi moja lililoinama. Mpaka jua linazama alikuwa amefukua machipukizi ishirini na sita, na mwanga ulikuwa unafika chini mahali ambapo haukuwa umefika tangu mumewe yu hai. Ndipo alipokumbuka kwamba shemeji yake anarudi na jicho jipya. Usingizi ulimpaa.

Fundi saa alirudi, akabandua kitambaa, akasimama mlangoni akitazama migomba yake kwa muda mrefu. Mkunga alikuwa pembeni, ameandaa uongo wa aina tatu. Hakuhitaji hata mmoja.

"Shemeji," fundi saa alisema polepole, "kumbe jicho lilikuwa linanizidishia. Mgomba mmoja nilikuwa naona minne."

Mkunga alimeza kicheko mpaka kikamkwama kifuani. Alisema tu kwamba madaktari wa siku hizi ni hodari.

Kwa miezi kadhaa fundi saa alikuwa tangazo la hospitali linalotembea. Kila mteja alisimuliwa jinsi mtoto wa jicho anavyoweza kumwonyesha mtu msitu pasipo na msitu. Mkunga aliikwepa ile meza ya saa, maana kila alipoisikia habari hiyo ilimbidi akohoe. Lakini jambo hilo lilianza kumkera. Kumfanyia mtu ujanja ni jambo moja. Kumwacha aukariri mbele za watu ni jambo jingine. Aliazimia kumwambia, akaahirisha, akaazimia tena.

Akachelewa. Asubuhi moja, tarehe ya kupasuliwa jicho la kushoto ilipokaribia, fundi saa aliona aage vizuri ule wingi wa zamani. Alisimama mbele ya migomba, akaziba jicho zima kwa kiganja, akatazama kwa lile bovu. Aliona ukungu. Lakini katika ukungu huo migomba ilikuwa mitatu mitatu, sawasawa na alivyoiona kwa jicho zima. Mtu aliyeishi kwa kutafuta gurudumu lililopotea ndani ya saa hahitaji kuelezwa mara mbili.

Alikwenda kugonga kwa Mkunga. "Hili la kushoto nalo limeshapona?"

Mkunga alikiri yote, na idadi akaitaja. Fundi saa aligeuka akaondoka. Siku nne hakumjibu salamu, na Mkunga, aliyezoea kutukanwa na wenye uchungu, aliona kimya hicho kizito kuliko tusi lolote. Alimrudishia ule ufunguo wa nyumba aliokuwa amekabidhiwa. Hakuupokea.

Siku ya tano alimwita. Kwenye mgomba wa kwanza ulining'inia mkungu wenye vichana tisa, ndizi zake nene, umeuinamisha mgomba mpaka umewekewa nguzo. Fundi saa alisema bado amekasirika, na hilo lieleweke. Kisha akauliza lile ua jekundu mwishoni mwa mkungu linakatwa au linaachwa.

"Linakatwa," Mkunga alisema. "Vichana vikishatoka vyote, linakula bure."

Akampa panga. Fundi saa alifumba macho yote mawili, lile zima na lile bovu, asishuhudie, akakata. Ua lilianguka, na mkungu ukaponea kwa upana wa kidole. Mkunga, ambaye hakuwahi kupiga kelele wodini hata mara moja, alipiga.