Jina la Mama Ulezi

Juzi asubuhi nilipigiwa simu kuwa yule mzee karani, aliyekuwa akiandikisha abiria wa boti ziwani, amefariki. Nilibaki nimekaa kitandani na simu mkononi, nimeduwaa, kwa sababu siku nne tu kabla nilimwona sokoni hapa Sumbawanga akichagua maharage, nikapitia upande wa pili ili tusikutane. Sijitetei. Nilimkwepa mzee wa watu kwa kuwa nilijua ataniuliza swali lile lile, nami sikuwa na jibu, wala sikuwa nimelitafuta.

Wasomaji wangu wa siku nyingi watakumbuka nilivyoandika hapa juu ya ile meli kubwa ya Waingereza iliyogonga barafu baharini, zaidi ya miaka mia iliyopita. Nilieleza jinsi wenyewe wanavyoikumbuka hadi leo: minara, maua yanayotupwa baharini, kuta zilizochongwa majina, hata ya wapishi na wapiga muziki. Nilijiona nimeandika haswa. Wiki hiyo hiyo karani akaja mlangoni kwangu, gazeti kalikunja kwapani. Nikampa shikamoo, akaitikia, lakini kukaa hakukaa. "Mwanangu, watu wa Ulaya umewalilia vizuri sana," akasema. "Sasa nisaidie na wa kwangu."

Wa kwake walikuwa abiria wa boti ya mbao iliyozama Ziwa Tanganyika, si mbali na Kasanga, enzi hizo yeye akiwa ndiye anayeandika abiria. Na aliandika kama tunavyoitana sote huku: Fundi Cherehani, Baba Mapacha, Mama Dagaa na mwenzake. Nani atahangaika kumuuliza mtu jina la ubatizo wakati anamfahamu? Boti ilipozama, orodha ile ikawa haimtambulishi mtu, na maiti zikazikwa ufukweni kwa majina hayo hayo ya kuitana. Basi karani akautumia uzee wake kuzunguka vijiji vya Kate na Chala, mpaka ng'ambo Zambia, akiulizia, na kila jina alilopata alikwenda kuliandika kwa rangi kwenye kaburi la mwenyewe kule ufukweni, Mkristo msalabani, Mwislamu kwenye kibao. Akabakiwa na mmoja tu, Mama Ulezi. "Si ndiye aliyekuwa analeta ulezi kwenu?" akaniuliza. Ni kweli, uji niliokunywa nikisoma shule ulikuwa wa ulezi wake, lakini jina lake silijui. "Basi muulize mama yako." Nikasema nitamuuliza. Nikasema hivyo hivyo kila alipokuja, karibu miaka miwili, na mama yangu anaishi nyumba ya uani, hatua chache kutoka kwenye meza ninayoandikia.

Jana tumemzika. Makaburini binti yake alinivuta pembeni, akaniambia baba yake alishanunua rangi ya ule msalaba wa mwisho, imekaa mpaka imekaukia koponi. Hakunilaumu, na hilo ndilo lililonimaliza. Nikarudi moja kwa moja kwa mama, nikamkuta anapeta mahindi. "Mama, hivi yule Mama Ulezi aliitwa nani?"

Hata kichwa hakuinua. "Skolastika, wa Chala." Kisha akasimamisha ungo. "Kwani amerudi?"

Nikamweleza. Aliuweka ungo chini taratibu, akasema, "Mimi nilijua amehamia Zambia. Na mdogo wake nimfanyeje? Kila akija mjini kutoka Chala tukakutana kanisani, ananiuliza kama dada yake ametuma salamu."

Mimi ninayejisifu kuifahamu ile meli ya Waingereza tangu injini hadi wapiga fidla wake, nimemwacha mwanamke aliyenilisha alale bila jina, na ndugu yake azeeke akingoja, kwa uvivu wa kuvuka uani. Naona aibu kuliandika, ila lazima niliandike. Tunajua kuomboleza makubwa ya mbali kwa sababu hayatudai chochote. Kwa hiyo nakuomba, msomaji wangu, yule anayekuletea maziwa, au mkaa, au samaki, muulize leo anaitwa nani na kwao ni wapi, wakati bado anaweza kukujibu mwenyewe. Safu hii haina desturi ya kutaja majina, na hili la Skolastika nimelitaja kwa makusudi.

Kesho tunakwenda Chala, mimi na mama, kumwambia mtu aache kusubiri salamu.