Sinema za Mdachi wa Mlango wa Pili

Jumapili iliyopita, hapa kwangu Richmond Hill, ughaibuni, nilikuwa nakunja nguo huku televisheni ikijisemea peke yake, mara akatokea Mdachi wetu! Sinema ya zamani, haina rangi, naye ni mhudumu wa hoteli anayemchongea mgeni kwa polisi. Dakika mbili tu, akapigwa risasi. Nilipiga ukelele hadi mwanangu akatoka chumbani mbio.

Wewe uliyekulia maghorofa ya wahamiaji ya St. James Town utanielewa: lifti mbovu, korido yenye harufu ya kari na samaki, watoto wa kila taifa wakigombea mpira. Mdachi alikaa mlango wa pili kutoka kwetu. Bibi ndivyo alivyomwita, kama wazee wenzake wa Tanga walivyowaita Wajerumani wote. Baada ya vita vya pili vya dunia aliingia kwenye sinema huko kwao, ila uso wake mrefu wenye mashavu yaliyobonyea haukupewa hata siku moja nafasi ya kumpenda mwanamke. Alikuwa mlinzi wa gereza, mpelelezi, askari, na mara nyingi hakufika katikati ya hadithi. "Nimekufa mara nyingi kuliko mtu yeyote unayemjua," aliniambia kwa Kiingereza chake kizito. Nilikuwa na miaka kumi, nikacheka mpaka mbavu zikauma.

Kila Jumamosi bibi alipika mbaazi za nazi na mandazi, akanituma nimpelekee bakuli. Bakuli la jirani halirudishwi tupu, na Mdachi alilijua hilo bila kufundishwa. Lilirudi na matofaa, au mkate mweusi mgumu ambao baba aliutafuna kwa heshima tu. Siku moja likarudi na kanda ya video.

Tukaiweka. Mdachi, kijana, amevaa sare, anamchapa mzee kwa fimbo, polepole, huku akihesabu. Bibi aliacha kutafuna. Baba yake mzazi, enzi Wadachi walipotawala Tanga, alilazwa kifudifudi akachapwa hamsa ishirini, yaani viboko ishirini na tano, na alizikwa na makovu yake mgongoni. Bibi akainuka, akazima.

"Bibi, anaigiza tu."

"Najua anaigiza, sina wazimu. Kamuulize, kuchapa kule kafundishwa na nani?"

Nilikwenda. Nikamweleza Mdachi habari ya baba yake bibi, kisha nikauliza.

"Nilikuwa na miaka kumi na saba," alisema. "Ile sare niliivaa kweli, wakati wa vita. Sikuchapa, lakini kuna mzee nilimshika mikono wakati mwenzangu anamchapa. Baadaye kila walipotafuta mtu wa kuigiza mambo yale nilikubali, maana wenzangu wote walikuwa wanaficha waliyoyatenda. Mwambie bibi yako yote."

Nilirudi nikiwaza jinsi Mdachi atakavyokosa bakuli la bibi Jumamosi zote zilizobaki. Nilimpenda yule mzee, nikaogopa.

"Anasema alifundishwa na wenye sinema," nikamwambia bibi.

Bibi akashusha pumzi. "Haya, mpelekee mbaazi zake, zinapoa."

Mdachi alilipokea bakuli. "Umemwambia yote?" Nikaitikia kwa kichwa. Akalia pale pale mlangoni, mtu mzima, machozi yanaingia kwenye mbaazi.

Wakawa marafiki zaidi kuliko mwanzo. Bibi akimgombeza kwa Kiswahili, yeye akijibu kwa Kiingereza chake, mimi katikati nikitafsiri kwa uaminifu wote, isipokuwa lile moja. Hadi leo naona haya. Korido ile naitamani sana. Huku majirani zangu nawajua kwa magari yao tu. Lakini nikiikumbuka najiona nimesimama mbele ya bibi, nadanganya, na kuamua kwa niaba yake jambo ambalo pengine yeye asingeliamua vile.

Mdachi alikufa akiamini binti wa mtu aliyechapwa amemsamehe. Bibi alifuata mwaka uliofuata, hajui kwamba aliombwa msamaha.