Mstari Niliosimama

Daftari langu la siku zile za ruksa, biashara ilipofunguliwa nchini, linasema: Jumamosi, tarehe 11 Machi, mvua ya manyunyu tangu alfajiri, ukungu umeshuka hadi kwenye migomba. Nilichokifanya halisemi. Sikukiandika.

Tulikuwa tunachagua mwenyekiti wa kitongoji. Wagombea wawili: mwenye lori, na jirani yangu, mjane aliyenifundisha kuchuma chai. Jina la jirani nililipendekeza mimi.

Mwenye lori alikuwa tayari mwenyekiti wa kamati ya shule na wa kikundi chetu cha chai. Nisimsingizie: aliwahi kumpeleka mama yangu hospitali Tukuyu bila malipo, wala sikumsikia akimtisha mtu. Ila lori la kubeba majani mabichi lilikuwa hilo hilo moja, na majani yakilala usiku mmoja, kiwanda hakiyapokei. Jirani aliahidi kwamba akishinda atakaa naye wapange zamu za kupakia, asiachwe mtu.

Kura ilikuwa ya kusimama. Wagombea walielekea ukuta wa shule wasituone, sisi tukapanga mstari nyuma ya tunayemtaka. Vikapu vyangu vilikuwa barabarani. Dereva wa lori alipita akicheka.

“Mama, leo umechuma! Sijui kama yote yataenea.”

Pengine alitania tu. Nikaenda kusimama kwa mwenye lori.

Mzee aliyekuwa mbele yangu akageuka. “Na wewe? Si wewe uliyemtaja yule mama?”

“Tazama mbele, tata. Wewe mwenyewe umenitangulia hapa.”

Watu wakacheka, na mimi nikacheka.

Baada ya kuhesabu, wagombea wakaambiwa wageuke. Nyuma ya jirani walikuwa watu tisa. Alinitafuta kwanza kwenye mstari wake, ndipo akaniona kwenye ule mwingine. Akaja kunishika mkono.

“Ndaga,” akanishukuru. “Ulinitaja.”

Sidhani kama alinikejeli. Ingekuwa nafuu.

Lori lilipakia majani yangu yote. Ya jirani yakabaki. Dereva alisema limejaa, na kweli lilijaa, nililiona kwa macho. Siwezi kuapa kwamba jirani aliadhibiwa. Ninachoweza kuapa ni kwamba vikapu vyake vilifika barabarani kabla ya vyangu, nami nilinyamaza vyangu vikipandishwa.

Jioni nilipika ndizi na maharage. Nilitenga bakuli la kumpelekea, nikafika nalo hadi mlangoni kwangu, nikarudi. Watoto wakala na lile bakuli pia.