Masanja ameniuliza kama atacheza tena

Leo nimemjibu rafiki yangu swali ambalo mkewe aliniomba nisilijibu.

Masanja tumekua naye mtaa wa Ngokolo, timu moja ya mpira. Mimi nilikuwa wa benchi, jamani. Yeye ndiye tuliyejua atafika mbali.

Nikaenda kusomea kompyuta, sasa ni mkurugenzi wa teknolojia kwenye kampuni moja Dar. Yeye Jumamosi anacheza ligi ya mkoa, siku nyingine anachimba dhahabu Geita, maana posho ya timu hailishi watoto.

Juzi duara, lile shimo wanalochimba, lilimwangukia. Uti wa mgongo umevunjika.

Mlangoni mwa wodi mkewe akanishika mkono. "Shemeji, miguu ndiyo basi. Ila usimwambie leo."

Nimekaa naye kidogo tu, akaniuliza.

"Wewe hujawahi kunidanganya. Nitacheza?"

Nikasema, "Hapana, Masanja."

Akageuzia uso ukutani. Mkewe alipoleta bakuli la uji, Masanja akalisogeza pembeni.

"Basi mwambie kocha jezi yangu ampe mwingine. Wana mechi Jumamosi."

Mkewe akachukua bakuli, akatoka bila kuniangalia.

Niko nje ya hospitali, gari sijawasha. Ninyi mngemjibuje?