Kikapu Mgongoni

Bilhah Cheptoo alianza kuchuna majani chai akiwa msichana, enzi za vikapu, kabla mashamba ya Kericho hayajaleta mifuko. Kikapu chake cha wakati huo kilining'inia juu ya moto jikoni, moshi ukikilinda na wadudu. Kambi nzima ya wachunaji hakuna mwingine aliyekuwa nacho. Ndiyo maana watu wa televisheni walipokuja mwaka wa tisini na nne kutengeneza filamu ya historia ya chai, nyapara aliwaleta moja kwa moja mlangoni kwake.

Lakini Cheptoo hakuzoea kupokea wageni akiwa na nguo za kazi. Akamwita jirani yake Apiyo, aliyekuwa ametoka shambani, aproni ya plastiki bado kiunoni.

"Mama Calvince, nikalie na hawa wageni. Wape maziwa ya kibuyu. Mimi naoga."

Akaoga, akajipaka mafuta, akavaa gauni jeupe la akina mama wa kanisa na viatu vya Pasaka. Kurudi, jikoni hamna mtu. Kikapu nacho hakipo.

Aliwakuta katikati ya majani chai. Apiyo alikuwa mbele ya kamera, kikapu mgongoni, akisimulia jinsi manyapara wa zamani walivyomwaga majani yaliyochanganyika na vijiti. Habari hizo alizipata kwa Cheptoo, wakichambua maharagwe. Apiyo mwenyewe alifika kambini kutoka upande wa ziwa vikapu vikiwa vimeshatupwa.

"Umependeza, mama," mwenye kamera alimwambia Cheptoo. "Lakini mchunaji tumeshapata."

Filamu ilipoonyeshwa, kambi yote ilijaa ukumbini. Cheptoo alikaa mbele. Alijiona, kweli: nyuma ya Apiyo, mweupe pe, mikono kifuani, amenuna.

"Mama Kiplimo," Ogari wa kiwandani akamwita Cheptoo, "kumbe wewe ndiye bibi ya meneja?"

Watu wakacheka. Apiyo alicheka kuliko wote, na kicheko hicho kilimkaa Cheptoo kooni miezi mingi.

Siku moja Apiyo akaja kubisha hodi jikoni. "Dada, kuna wengine wa televisheni wanakuja. Niazime kile kikapu..."

Cheptoo alikuwa akisonga ugali, aproni kiunoni, kikapu mgongoni.

"Unapika na kikapu, dada?"

"Wanakuja lini?"

"Ijumaa."

"Basi watanikuta hivi," Cheptoo alisema, akageuza ugali.